Gharama ya Uponyaji: Habari za Malipo ya Matibabu katika Mbulu na Hanang

Kitabu cha jubilei hakikosi hesabu. Husimuliwa humo miaka iliyopita, majengo yaliyosimamishwa, na majina ya waliotangulia. Sisi katika kurasa hizi tumekusudia kusimulia hesabu nyingine, isiyoandikwa mara nyingi, ambayo kila nyumba ya Mbulu na Hanang inaijua: mgonjwa alilipa nini ili atibiwe, alimlipa nani, na je, alilipa akali mzima, au alilipa akiwa amekwisha kulala kitandani? Msomaji alishike swali hilo la mwisho, maana ndilo litakalotuongoza mpaka mwisho wa habari.

ZAMANI ZA MIFUGO

Kabla ya kuja serikali ya Wadachi, Wairaqw katika milima ya Mbulu na Wadatoga katika nyika zinazouzunguka mlima Hanang walikuwa na waganga wao, wala waganga hao hawakutibu bure. Mganga alipewa kondoo, au mbuzi, au asali, kwa kadiri ya ugonjwa na uwezo wa mwenye nyumba. Aliyekuwa na mali alilipa, na asiye na mali alikwenda kwa ndugu zake.

Lakini mbali na malipo hayo ilikuwako desturi nyingine iliyo na maana kubwa zaidi katika habari yetu. Mwenye ng'ombe wengi hakuwaweka wote katika zizi moja. Aliwagawa kwa jamaa na marafiki waliokaa mbali mbali. Mtunzaji akanywa maziwa na kupata samadi ya shamba lake, na mwenye mali akabaki na haki ya ng'ombe na ya ndama wake. Hata ugonjwa wa mifugo ulipoingia katika bonde moja, haukumaliza mali yote ya mtu. Na siku ya shida yeye alijua milango ya kubisha hodi. Sotoka ilipopita katika Afrika ya Mashariki miaka ya 1890, ikaua ng'ombe wasiohesabika, watu walijifunza kwa uchungu kwamba mali iliyowekwa mahali pamoja ni mali ya kupotea mara moja.

Hakuna aliyeiita desturi hiyo bima, maana neno hilo halijafika. Lakini kiini chake ni kile kile: mtu hutoa wakati wa neema, ili asiwe peke yake wakati wa dhiki. Basi asije mtu akasema kwamba watu wa nchi hii walifundishwa jambo hilo na wageni.

ZAMANI ZA KODI

Wadachi walijenga boma lao Mbulu wakaitawala nchi. Nao kwao Ulaya walikuwa wamekwisha kuweka sheria tangu mwaka 1883, zamani za Bismarck, ya kwamba mfanyakazi akatwe fedha kidogo katika mshahara wake na mwajiri wake atie sehemu yake, mfanyakazi theluthi mbili na mwajiri theluthi moja, ili siku atakapougua atibiwe na apate posho. Sheria hiyo ni ya kwanza ya namna yake katika dunia kwa taifa zima. Walakini haikuvuka bahari pamoja nao. Iliyovuka ni kodi.

Baada ya vita kuu ya kwanza, nchi ikawa chini ya Waingereza. Katika miaka ya 1920 serikali yao ilianza mpango wa kuwaachia watawala wa wenyeji kujenga nyumba ndogo za dawa, gharama zake zikitoka katika hazina za wenyeji, yaani katika sehemu ya kodi iliyobaki wilayani. Ndani yake aliwekwa mtu aliyefundishwa kufunga vidonda na kugawa dawa chache, ambaye watu walimwita dresa. Mgonjwa aliyekwenda pale aliona kwamba hakuombwa fedha, akasema ametibiwa bure. Sivyo; alikuwa amekwisha kulipa. Ile kodi aliyoitafuta kwa kuuza fahali au kwa kwenda kufanya kazi katika mashamba ya mbali, ndiyo iliyonunua kitambaa kilichofunga kidonda chake.

Jambo hili ni la kukumbukwa. Hakuna dawa isiyo na bei. Panapoandikwa "bure", maana yake ni kwamba bei imelipwa mahali pengine, na mtu mwingine, au na mgonjwa mwenyewe siku nyingine.

HOSPITALI ZA MISIONI

Misioni nazo zilijenga. Dareda, chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, palikuwa na hospitali ya Wakatoliki, na wagonjwa wa Mbulu na wa Hanang waliiendea. Huko magharibi, Wanorwei wa misioni ya Kilutheri walijenga hospitali ya Haydom, ikafunguliwa mwaka 1955. Mahali pale palikuwa mbali na kila kitu. Barabara ilikuwa mbaya, na mvua ilipozidi ilikuwa haipitiki. Lakini palikuwa njia panda ya mataifa: Wairaqw, Wadatoga, Wanyiramba na Wanyisanzu, na Wahadzabe wa bonde la Yaeda, ambao lugha zao hazifanani hata kidogo, wote walikutana katika baraza moja ya wagonjwa. Daktari Ole Halgrim Evjen Olsen, aliyeiongoza hospitali hiyo miaka mingi, na mwanawe Øystein aliyekuja kuiongoza baada yake, majina yao yangali yakitajwa huko.

Hospitali za misioni zilidai ada, nayo ilikuwa ndogo. Haikuweza kulipa hata sehemu kubwa ya gharama. Zilizobaki zililipwa na watu wa mataifa mawili: wa nje, waliotoa sadaka zao na baadaye kodi zao kwa njia ya serikali ya Norwei, na wa ndani, kwa njia ya ruzuku ya serikali yetu. Hivyo mama wa Dongobesh aliyelipa shilingi chache kwa kulazwa alikuwa akishikwa mkono na mvuvi wa Norwei asiyemjua. Ni jambo jema, na shukrani ni wajibu. Lakini lilikuwa na hatari yake, kama tutakavyoona. Maana mkono wa mbali waweza kuchoka.

MIAKA YA BURE

Tanganyika ikapata uhuru mwaka 1961. Tarehe 5 Februari 1967 likatangazwa Azimio la Arusha, na serikali ikashika neno kwamba matibabu ni haki ya kila mwananchi, yatolewe katika hospitali zake bila malipo. Mwaka 1977 ikawekwa sheria ya kuzuia watu binafsi wasifanye uganga kwa kutafuta faida. Hospitali za dini ziliruhusiwa kuendelea, kwa kuwa hazikufanya biashara. Katika miaka hiyo zahanati na vituo vya afya viliongezeka sana vijijini, na watoto wengi walichanjwa.

Wala si nchi yetu peke yake iliyojaribu jambo hilo. Waingereza wenyewe, waliotutawala, walianza matibabu ya bure kwa raia wao wote tarehe 5 Julai 1948, gharama zikilipwa hasa kwa kodi. Waziri aliyelisimamisha jambo hilo alikuwa Aneurin Bevan. Lakini haikupita miaka mitatu, serikali yake ikaona gharama zimezidi, ikataka watu walipe sehemu ya bei ya meno ya bandia na miwani. Bevan akajiuzulu uwaziri mwezi wa Aprili 1951 kwa sababu ya jambo hilo. Mwaka uliofuata ikawekwa shilingi moja kwa kila karatasi ya dawa. Basi ikiwa taifa tajiri lilitoa shilingi yake mlangoni baada ya muda mfupi hivyo, tusishangae kwamba sisi nasi tulishindwa.

Maana tulishindwa. Mafuta yalipanda bei mwaka 1973 na tena mwaka 1979. Vita na Idi Amin wa Uganda vya mwaka 1978 na 1979 vilikula hazina. Bei za mazao yetu zikashuka. Zahanati zilisimama, na mganga alikuwapo, lakini kabati lilikuwa tupu. Tangu miaka ya 1980 dawa zilipelekwa vijijini kwa makasha, kila kituo na kasha lake, na mara nyingi kasha liliisha kabla ya mwezi kwisha. Mgonjwa akaambiwa, "Kutibiwa ni bure, lakini dawa hakuna, kanunue." Ndipo watu waliokaa karibu na zahanati ya bure wakapita mlangoni pake, wakaenda mwendo wa siku nzima mpaka hospitali ya misioni kulipa, kwa sababu huko dawa ilikuwako. Hiyo ndiyo hukumu ya watu juu ya neno "bure", nao waliitoa kwa miguu yao.

UCHANGIAJI

Mwaka 1993, mwezi wa Julai, serikali ilianza mpango ulioitwa uchangiaji wa gharama. Ulianza katika hospitali kubwa, ukashuka hatua kwa hatua mpaka hospitali za wilaya, na baada ya miaka ukafika vituo vya afya na zahanati. Pamoja na ada uliwekwa msamaha: wajawazito, watoto walio chini ya miaka 5, na wenye maradhi kama kifua kikuu na ukoma wasitozwe, na maskini asiye na kitu aandikiwe kutolipa. Baadaye wazee wa miaka 60 na zaidi wasio na uwezo wakaongezwa.

Kwa maandiko, msamaha huo ni mzuri. Kwa matendo ulikuwa na matata mawili. La kwanza: nani ni maskini? Katika kijiji ambacho watu wengi hawana fedha mkononi, lakini wengi wana ng'ombe mmoja au wawili, mwenyekiti na karani hawakuwa na kipimo. Mtu mwenye ng'ombe mmoja si maskini machoni pa karani. Lakini akimwuza yule mmoja ndipo huwa maskini kweli kweli. La pili: msamaha husamehe ada, hauleti dawa. Mama aliyesamehewa, kama dawa haipo, hununua dukani kwa bei kamili.

Na ada yenyewe si gharama yote. Mtu wa Yaeda Chini au wa Balangdalalu anapougua, kwanza hulipa nauli, au hukodi gari. Tena hulipa chakula cha mgonjwa na cha ndugu anayemwuguza. Tena huhesabu siku ambazo shamba halikulimwa. Ikiwa ni mwezi wa njaa, kabla ya mavuno, ng'ombe huuzwa kwa bei ya chini, maana mnunuzi huona mwuzaji ana haraka. Kwa hiyo ugonjwa wa wiki mbili waweza kuirudisha nyuma nyumba kwa miaka mitatu.

Tena ule mkono wa mbali tuliousema ulianza kulegea. Katika mwongo uliofuata mwaka 2010, misaada ya nje kwa hospitali ya Haydom ilipopungua, hospitali iliona haina budi kuwatoza ada wajawazito waliokuja kujifungua na walioletwa kwa gari la wagonjwa, mambo ambayo zamani hayakutozwa. Idadi ya akina mama waliojifungulia hospitalini ikapungua. Hatusemi hivi kwa kuilaumu hospitali: ina mishahara ya kulipa na mafuta ya kununua. Twasema hivi ili msomaji aone jinsi ada ndogo tu inavyoweza kufunga mlango uliokuwa wazi, na jinsi anayeachwa nje ya mlango alivyo mama mwenye uchungu wa kuzaa.

MFUKO WA HANANG

Sasa twafika penye kiini cha habari yetu. Mwaka 1996, katika wilaya ya Igunga, serikali ilianza kujaribu Mfuko wa Afya ya Jamii. Nia yake ilikuwa hii: badala ya mtu kulipa akiwa mgonjwa, nyumba nzima ilipe mara moja kwa mwaka, wakati wa mavuno, watu wakali wazima, kisha wote wa nyumba hiyo watibiwe mwaka mzima katika zahanati au kituo chao bila kudaiwa tena. Katika wilaya nyingi mchango ulikuwa kati ya shilingi 5,000 na 10,000. Na kila shilingi iliyotolewa na wananchi, serikali iliahidi kuongeza shilingi nyingine juu yake. Mpango huo ukaitwa "tele kwa tele". Mwaka 2001 Bunge likauwekea Mfuko sheria.

Hanang ilikuwa miongoni mwa wilaya za mwanzo kuupokea mpango huo, hata mwaka 2002 wachunguzi kutoka ng'ambo pamoja na wenzao Watanzania wakaandika taarifa juu yake, ambayo mpaka leo husomwa na wanaotafiti mambo haya. Wengi walijiandikisha mwanzoni. Kisha wengi wakaacha. Kwa nini waliacha?

Sababu ya kwanza ni kwamba kadi ilifungua mlango mmoja tu. Mwanachama alitibiwa katika kituo cha chini alichojiandikisha. Akipelekwa hospitali kulazwa, kadi ilinyamaza, naye akalipa kama asiye mwanachama. Yaani ilimsaidia katika homa ya kawaida, ambayo angeweza kuilipia mwenyewe, ikamwacha siku ya kuvunjika mguu, ambayo asingeiweza. Sababu ya pili ni ile ile ya zamani: kadi ipo, dawa haipo. Sababu ya tatu, mchango ulitakiwa wote kwa mara moja, na mwaka wa ukame hauna mavuno. Na sababu ya nne, watu hawakuona fedha zao zinafanya nini. Zilikwenda makao makuu ya wilaya, na habari zake hazikurudi kijijini.

Wako waliosema kwamba watu wa vijijini hawaelewi maana ya bima. Sisi hatukubali. Watu ambao babu zao waligawa ng'ombe katika mazizi ya rafiki zao wanaielewa vema. Lakini mwenye kumpa rafiki ng'ombe hujua ng'ombe yuko wapi, huweza kwenda kumtazama, na siku ya haja humpata. Mfuko uliomnyima hayo matatu haukuwa na desturi ya babu. Ulikuwa na jina lake tu. Haba na haba hujaza kibaba, ni kweli, ila kibaba kisiwe kimetoboka.

MAMBO YA SIKU HIZI

Wenye mamlaka waliyaona makosa hayo. Kuanzia mwaka 2018 Mfuko ulifanywa upya, ukaitwa CHF iliyoboreshwa: nyumba ya watu wasiozidi 6 ililipa shilingi 30,000 kwa mwaka, na kadi ikafungua milango kutoka zahanati mpaka hospitali ya rufaa ya mkoa. Lile kosa la kwanza, la mlango mmoja, lilisahihishwa. Lakini kwa kuwa kuingia kulikuwa kwa hiari, wengi waliojiunga walikuwa wale waliokwisha kuona dalili za ugonjwa, na wazima wakangoja. Na mfuko wa wagonjwa watupu hauwezi kudumu.

Kwa hiyo mwezi wa Novemba 2023 Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote, naye Rais Samia Suluhu Hassan akaitia sahihi. Sheria hiyo yataka kila mkaazi wa nchi awe na bima, na kwa wasio na uwezo yaweka mfuko maalum, unaopata fedha katika kodi za vitu kama vileo na vinywaji vya soda. Utekelezaji wake wafuata hatua kwa hatua. Basi baada ya miaka mia na zaidi, tumezunguka na kurudi mahali pa kwanza: mtu alipe akiwa mzima, mwenye nacho amtilie asiye nacho.

Maswali ya Hanang hata hivyo yangali yakisimama, na sheria peke yake haiyajibu. Je, dawa itakuwapo? Je, yule mwenye ng'ombe mmoja atahesabiwa kuwa mwenye uwezo? Je, mchango utakusanywa wakati wa mavuno ya mahindi na maharage, au katika mwezi wa njaa? Je, mwanakijiji ataonyeshwa fedha yake imefanya nini? Yakijibiwa vema, watu watalipa, maana hawajawahi kukataa kulipia uponyaji ulio wa kweli. Yasipojibiwa, watapita mlangoni tena, kama walivyopita zamani.

NENO LA MWISHO

Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua nyingi, tope na mawe yaliporomoka kutoka mlima Hanang, yakaingia Katesh na vijiji vya karibu, Gendabi kikiwa kimoja. Watu zaidi ya 80 walikufa, na wengine wengi wakaumizwa. Serikali ikatangaza kwamba itabeba gharama za matibabu ya majeruhi na za mazishi. Watu wa mbali na wa karibu walileta chakula na mablanketi. Siku hiyo hakuna aliyeuliza kama aliyetolewa katika tope ana kadi au hana, wala ni maskini kwa kipimo gani; ilionekana wazi kwa kila mtu kwamba gharama ya msiba ule ni ya wote.

Lakini kila usiku, katika nyumba moja ya Mbulu au ya Hanang, mlima huporomoka juu ya watu wachache: mtoto ashikwa na degedege, mama azidiwa na uchungu, mzee akosa pumzi. Redio haitangazi, wala malori ya chakula hayaji. Baba hutoka nje na taa, akasimama zizini, akamtazama ng'ombe wake mmoja.

Habari yote tuliyoisimulia, tangu kondoo wa mganga mpaka kadi ya bima, ni habari ya yule baba na ng'ombe wake. Palipokuwa na njia ya kulipa mapema na pamoja, ng'ombe alibaki zizini na mgonjwa akapona. Palipokosekana, aliuzwa, na mara nyingine aliuzwa bila mgonjwa kupona. Atakayeandika kitabu cha jubilei ijayo, pamoja na kuhesabu majengo, na ahesabu pia ng'ombe waliobaki mazizini.